Mkrismasi uliopukutisha majani haujafa

Kiangazi kikikolea, maombi ya kukata mikrismasi ya kando ya barabara, ya viwanja vya shule na ya bustani za umma huongezeka mezani kwetu halmashauri. Sababu ni ileile: "mti umekauka." Tukifika tunakuta mti wenye afya, umepukutisha majani tu, maganda yake marefu meusi yananing'inia.

Asili ya mti huu ni misitu mikavu ya Madagaska, ambako huangusha majani ili usipoteze maji wakati wa ukame. Kuletwa Dar es Salaam au Tanga hakukuubadilisha tabia. Vuli ikikaribia, matawi hayohayo matupu hutoa machipukizi ya maua; kila ua lina petali nne nyekundu na ya tano yenye michirizi myeupe na njano. Kwa hiyo, kabla ya kuandika barua, kwangua gome la kitawi kwa ukucha. Ukikuta ukijani, mti u hai, na barua hiyo tafadhali usituletee.

Kama sababu ni nyingine, mfano tawi limelalia paa, ombi liandikwe kwa Mkurugenzi wa Halmashauri, lipitie kwa mwenyekiti na mtendaji wa mtaa, ligongwe mihuri yote miwili na liambatanishwe na picha. Ofisa misitu atakagua, na anaweza kupendekeza matawi yapunguzwe badala ya mti kuondolewa. Kibali hutolewa kwa maandishi na kina ukomo. Ukipita hujakata, unaomba upya. Ruhusa ya mdomo si kibali, hata iwe ya mwenyekiti mwenyewe. Anayekata mti wa umma bila kibali anatenda kosa chini ya sheria ndogo zetu. Akikiri kwa maandishi, Mkurugenzi anaweza kulififilisha kosa kwa malipo, yaani kulimaliza bila kwenda mahakamani. Asipokiri, shauri linakwenda mahakamani. Vyovyote iwavyo, kulipa hakumwondolei wajibu wa kupanda mti mwingine na kuutunza. Kwa mti ulio ndani ya uzio wako, fika ofisini uulize kwanza, kwa kuwa masharti hutegemea eneo.

Kuhusu wanaolalamikia nyufa za kuta: mizizi ya mkrismasi hutambaa juujuu na kwenda mbali. Haufai kupandwa karibu na ukuta, bomba au karo la choo. Baadhi ya walalamikaji waliupanda wenyewe hatua mbili kutoka dirishani. Sasa mti umekosa nini?

Kukata kichwa cha mti nako hakusaidii. Matawi yanayochipua baada ya hapo hushika vibaya, na upepo wa masika huyavunja kirahisi. Na wenye kupigilia matangazo ya vyumba vya kupanga kwenye shina, kila msumari ni jeraha ambalo wadudu na ukungu hupitia.

Tawi likigusa nyaya za umeme usipande na panga. Toa taarifa TANESCO. Kazi hiyo haisubiri kibali chetu.