Koichi Sugiyama hakuanzia kwenye gemu

Wengi humdhania Koichi Sugiyama, mtunzi wa muziki wa Kijapani, kuwa kijana aliyeibukia kwenye gemu, kisha akapandishwa hadhi hadi sinema. Sivyo kabisa! Gemu ya Dragon Quest, aliyoitungia muziki, ilipotoka mwaka 1986, alikuwa na miaka 55, ameshafanya kazi kituo cha televisheni cha Fuji TV na kutunga nyimbo za pop na muziki wa katuni. Aliingia kwenye gemu kupitia kadi ya maoni: alicheza gemu ya shogi, sataranji ya Kijapani, akaijaza kadi hiyo, ikafika kwa Enix, kampuni iliyotoa Dragon Quest. Famicom, mashine ya Nintendo ya kuchezea gemu hiyo, ilitoa sauti chache tu kwa mpigo, naye akazipanga kama okestra ndogo, ustadi ninaouheshimu mno. Filamu ya Godzilla vs. Biollante aliitungia muziki baadaye, 1989.