Hiari na utashi: kipi hasa kinaitwa huru?

Polisi wakichukua maelezo ya mtuhumiwa, mahakama baadaye itataka kujua kama aliyatoa kwa hiari yake. Padri au mchungaji akifungisha ndoa huwauliza wawili hao kama wamekuja kwa hiari. Kuna na mchango wa harusi, ambao nao huitwa wa hiari, ingawa kwa sisi wa Moshi hiari hiyo imebaki kwenye kadi tu. Mahali pote hapo neno lina maana moja: hukulazimishwa.

Wengi wetu huishia hapo. Ila ugomvi wa wanateolojia na wanafalsafa, ambao una umri wa miaka 1600 na zaidi, uko hatua moja nyuma ya hapo. Hawaulizi kama ulitenda ulichotaka. Wanauliza huko kutaka kwenyewe kulitoka wapi, na kama ungeweza kutaka kingine. Kwa hilo vitabu vya Kiswahili vina neno utashi, lililo jirani na kutaka, na utashi huru ni ule uwezo wa mtu kuwa yeye mwenyewe chanzo cha anachochagua, si kupitisha tu kilichokwisha kuamuliwa na kingine.

Nilielewa tofauti hiyo kwa baba mdogo, kabla sijasoma kitabu chochote. Alikuwa akiacha mbege, pombe yetu ya ndizi, kila Jumatatu. Jumamosi jioni anatoka hadi getini, anarudi kuchukua kofia, anakaa, anasimama, anakaa tena. Hakuna aliyemwita wala kumvuta. Saa moja usiku yuko kilabuni na kata mkononi. Akiulizwa anasema miguu ndiyo iliyokwenda, yeye amebaki nyumbani. Hiari alikuwa nayo yote. Utashi je?

Mtume Paulo anazungumza hayo hayo katika Warumi 7: lile jema alipendalo halitendi, baya asilolipenda ndilo analolitenda. Mwaka 1971 mwanafalsafa wa Marekani, Harry Frankfurt, alilipanga jambo hilo vizuri. Alisema mtu ana matakwa, halafu ana matakwa juu ya matakwa yake. Mlevi anayetamani asingetamani pombe anashindwa na kitu ambacho ni chake na hapohapo si chake.

Kwa upande wa Kanisa, aliyeuchimba mtaro huu ni askofu Agostino, Mwafrika wa kaskazini, mzaliwa wa Thagaste katika Algeria ya leo mwaka 354. Aliomba hivi kwa Mungu: nijalie unachoamuru, kisha amuru utakalo. Pelagius, mtawa aliyetoka Uingereza, sala hiyo ilimkera. Kama Mungu ameamuru, alisema, basi mtu anaweza, la sivyo amri ni mzaha. Hoja yake ina mantiki na hadi leo ndiyo tunayowaambia watoto. Agostino akajibu kwamba tangu Adamu utashi wa mtu ni mgonjwa: unachagua, lakini bila neema, yaani msaada wa bure wa Mungu, unachagua kama mgonjwa. Mtaguso, yaani mkutano wa maaskofu, wa Karthago wa mwaka 418 ulimkataa Pelagius.

Moto ukawaka upya mwaka 1524, Erasmus, msomi Mkatoliki wa Uholanzi, alipoandika kuutetea utashi huru. Martin Luther, Mjerumani ambaye Walutheri wanaitwa kwa jina lake, akamjibu mwaka uliofuata kwa kitabu juu ya utumwa wa utashi. Wahenga walisema hiari yashinda utumwa. Luther angeuliza, hiari ipi? Katika mambo yaliyo chini yako, mali na shamba lako, chagua upendavyo. Katika wokovu, utashi ni kama punda kati ya wapandaji wawili, Mungu na Shetani. Punda hachagui wa kumpanda. Wapandaji ndio wanaomgombania. Mtaguso wa Trento mwaka 1547 ukajibu kwa upande wa Wakatoliki kwamba utashi umedhoofika na kupinda, haujafa.

Hapa mlimani Kilimanjaro majibu hayo mawili yanakaa ua kwa ua. Machame Walutheri ni wengi, Kibosho Wakatoliki ni wengi, na wanaoana. Watu hudhani bado viongozi wao wamenuniana juu ya hili. Oktoba 31, 1999, mjini Augsburg, pande hizo mbili zilitia saini tamko la pamoja kwamba mtu hajiokoi kwa nguvu zake. Wakatoliki wakisema mtu hushirikiana na neema, wanaongeza kwamba hata kukubali kwake ni kazi ya neema hiyo.

Na kama Mungu anajua nitakalofanya kesho, nina ujanja gani? Boethius, mwanafalsafa Mkristo wa Roma, karne ya 6, alisema Mungu hatazami mbele kama mpiga ramli. Kwake yote ni sasa. Simama Kilema siku isiyo na ukungu uangalie lori linapanda kutoka Himo. Unaliona, na kuona kwako hakushiki usukani.

Wanafalsafa wasiomtaja Mungu waliukuta ugumu ule ule kwenye sababu: kila tukio lina chanzo, na chanzo kina chanzo chake, hadi kabla hujazaliwa. Hobbes na Hume hawakutishika. Uhuru, walisema, ni kutenda unachotaka bila kizuizi, basi. Yaani hiari inatosha. Kant, mwanafalsafa Mjerumani, aliuita huo ukwepaji duni. Alisema huo ni uhuru wa mashine ya kugeuzia nyama choma, ambayo ukiitia ufunguo nayo hujizungusha yenyewe. Mimi niko na Kant hapo.

John Locke, mwanafalsafa Mwingereza, ana mfano ninaoupenda zaidi, nauhamishia stendi ya Moshi. Umekaa ndani ya Hiace, unapiga soga na rafiki uliyemkosa siku nyingi, hutaki kushuka. Hujui kwamba mlango umegoma, haufunguki. Umebaki kwa kupenda kwako, na wakati huohuo hukuwa na namna nyingine. Kwa Locke, hapo umekaa kwa kutaka ila huna uhuru, na kutoka hapo anasema kuuliza kama utashi ni huru ni kukosea swali. Aliye huru au asiye huru ni mtu.

Baba mdogo aliugeuza mlango huo. Jumamosi moja, saa nane mchana, akiwa bado na akili zake, alimpa mama mdogo viatu vyote avifungie sandukuni na akae na ufunguo. Jioni akaudai, akanyimwa, akalala. Akafanya hivyo wiki baada ya wiki, hadi sanduku likaacha kufungwa.

Jirani yetu Mlutheri alisema ile ni neema. Mama mdogo alisema ni ufunguo.