Ufa wa baharini hausubiri simu yako ilie

Wiki iliyopita mteja mwingine aliingia ofisini kwangu hapa Nairobi na ramani ya ploti ya Kilifi, ile iliyopakana na ufuo. Nikamuuliza ninachowauliza wote: ardhi ikitikisika usiku, watoto utawapeleka wapi? Akanijibu kama walivyonijibu wenzake: "Si tutaambiwa? Hata 2004 watu walitolewa ufuoni mapema."

Jibu hili limenichosha, tena linanitia hofu. Tetemeko la 26 Desemba 2004 lilikuwa la ukubwa wa 9.1, na lilitokea Sumatra, Indonesia. Lilizua tsunami, wimbi kubwa linaloanzia pale sakafu ya bahari inaposukumwa ghafla, nalo lilivuka Bahari Hindi yote kwa zaidi ya saa 7 kabla ya kutufikia. Kufikia hapo, redio na televisheni zilikuwa zimeshatangaza maafa ya Thailand na Sri Lanka. Kilichotuokoa ni umbali.

Sasa tazama ufa wa Davie. Ni kovu la njia ambayo Madagascar iliteleza kwenda kusini ilipoachana na Afrika, mamilioni ya miaka iliyopita. Unapita Mlango wa Msumbiji na kupanda kaskazini nje ya pwani ya Tanzania. Sakafu ya bahari upande huo haijatulia: tarehe 12 Agosti 2020 tetemeko la 6.0 lilipiga nje ya pwani ya Tanzania, na hata hapa Nairobi watu wakalisikia.

Piga hesabu mwenyewe. Bahari ikiwa na kina cha mita 3,000, tsunami hukimbia zaidi ya kilomita 600 kwa saa. Ikianzia kilomita 150 kutoka ufuoni, hata ikipunguza kasi kwenye maji mafupi, unazungumzia dakika. Mfumo wa kutoa onyo wa Bahari Hindi upo na una kazi yake, lakini tetemeko lazima lipimwe, taarifa itumwe, ipite ofisi kadhaa, ndipo imfikie mlinzi wa nyumba yako. Kwa ufa wa karibu, tetemeko lenyewe ndilo onyo. Anza kuhesabu: moja, mbili, tatu. Ukifika 20 na ardhi bado inatikisika, au ukishindwa kusimama, subiri itulie kisha ondoka ufuoni kwa miguu. Gari liache. Kama hakuna mwinuko karibu, panda ghorofa ya tatu au zaidi ya jengo imara la zege.

Wengine husema bahari itarudi nyuma kwanza, nao wataona. Mwaka 2004 kule Thailand bahari ilirudi nyuma. Sri Lanka, upande wa pili wa ufa wa Sumatra, maji yalianza kwa kupanda.

Matumbawe je? Hupunguza nguvu ya mawimbi, sikatai. Ila 2004 wimbi lilitufikia maji yakiwa yamekupwa, tena siku ya bamvua, maji yanapokupwa na kujaa kupita kawaida. Lingefika alasiri maji yamejaa, tungeanza tukiwa na mita kadhaa za maji juu ya hapo.

Na kwamba tetemeko la 2020 halikuleta tsunami, basi ufa hauna neno? Ukubwa wa 6.0 kwa kawaida hautoshi. Lakini Papua New Guinea, Julai 1998, tetemeko la 7.0 liliporomosha mteremko chini ya bahari karibu na ufuo, na zaidi ya watu 2,000 wakafa.

Dhana kwamba matetemeko yetu ni ya Bonde la Ufa peke yake inatokana na tetemeko la Subukia, ndani ya bonde hilo, mwaka 1928, la ukubwa wa 6.9. Mvutano unaopasua bonde lile unaendelea hadi chini ya bahari.

Yule mteja sikumkataza kununua. Nilimwomba atembee kutoka lango la ploti hadi barabara kuu, amembeba kitinda mimba wake, saa mkononi. Jumamosi akaniandikia: dakika 31, kwa sababu ukuta wa jirani umeziba kichochoro. Sasa anazungumza na jirani kuhusu kuweka mlango mdogo kwenye ukuta ule, usiofungwa kwa kufuli.