Je, wajua? Kwa nini mwenye A ya Uraia hukaa kimya kwenye mkutano wa kijiji

Mtendaji amemaliza kusoma mapato na matumizi, mwenyekiti anauliza kama kuna swali, na mikono inaanza kunyooshwa. Iwe Tandahimba, Nachingwea au Kilwa, huku kusini mwa Tanzania, wanaosimama hufanana: mzee mwenye mikorosho yake aliyeacha shule zamani, mama wa kikundi cha vikoba, kijana wa bodaboda asiyekubali kupitwa na neno. Aliyemaliza kidato cha nne juzi, anayeweza kukutajia mihimili mitatu ya dola bila kumeza mate, mara nyingi yuko nyuma kabisa na simu yake. Kwa nini?

Swali si la kumchongea kijana. Kwa sheria, mkutano ule ni wake sawasawa na ulivyo wa mzee. Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya) ya 1982 inaupa mkutano mkuu wa kijiji kauli ya mwisho juu ya sera za jumla za kijiji, na wajumbe wake ni wakazi wote waliofikisha miaka 18. Halmashauri ya kijiji, yenye wajumbe 15 hadi 25, iko chini yake. Mambo ya aina hiyo kijana ameyaandika kwenye daftari lake, tena kwa Kiingereza, maana huko sekondari ndiyo lugha ya kufundishia, ilhali mkutano unaendeshwa kwa Kiswahili na kunong'onezana kwa Kimakonde au Kimwera. Lugha ina mchango wake katika ukimya huo. Lakini shule ya msingi amesoma Uraia kwa Kiswahili miaka kadhaa, na bado yuko nyuma.

Jibu linalokuja mdomoni haraka ni kwamba elimu ya uraia haitoshi. Wamejitokeza wachache kupiga kura? Wananchi hawana elimu. Mradi umekataliwa? Hawakuelimishwa. Ikifuata semina, vinagawiwa vipeperushi, fulana na soda. Jibu hili linapendwa kwa sababu halimlaumu mtu yeyote aliyeko ukumbini. Chini yake kuna dhana moja tu: mtu akijua, atashiriki. Na dhana hiyo, ukianza kuipima, inayumba kila upande.

Tuanze na ya kwetu. Baada ya Azimio la Arusha na Elimu ya Kujitegemea, yote ya 1967, shule zetu zilifundisha somo la Siasa. Vyama vingi viliporudi 1992, Siasa ikaondoka, Uraia ukaingia. Shule za msingi baadaye zikapata Uraia na Maadili, na mitaala iliyoanza kutumika 2024 imeleta Historia ya Tanzania na Maadili. Kila nchi ilipobadili mawazo, somo lilibadilishwa jina na yaliyomo. Kilichobaki vilevile kwa sehemu kubwa ni mwalimu kuandika ubaoni na mwanafunzi kunakili. Kama kujua kungekuwa ndiyo kazi yote, hapo pangetosha.

Mtwara ina ushahidi wake pia. Januari na Mei 2013 watu waliingia barabarani kuhusu gesi ya Mnazi Bay kupelekwa Dar es Salaam kwa bomba, na machafuko ya Mei yaligharimu maisha. Mtu anaweza kuwa na maoni yoyote juu ya madai yale; bomba lilijengwa na kukamilika 2015. Ila hawezi kusema kwamba watu walikosa hamu ya kushiriki kwa kuwa hawakufundishwa. Hoja iliyokuwa mezani ni ya uraia mtupu: rasilimali iliyo chini ya ardhi ya watu imnufaishe nani kwanza, na nani aulizwe kabla ya uamuzi kutoka. Hoja hiyo haikutoka kwenye daftari la mtu.

Wamarekani, ambao hupima kila kitu, walilipima na hili. Kenneth Langton na M. Kent Jennings waliwahoji wanafunzi zaidi ya 1,600 wa mwaka wa mwisho wa sekondari, na mwaka 1968 wakachapisha matokeo yaliyowaudhi walimu wengi. Kusoma Uraia hakukumtofautisha sana mwanafunzi na mwenzake ambaye hakuusoma: si katika kuijua siasa, si katika kuifuatilia, si katika kujiona kuwa ana sauti. Maelezo yao yalikuwa mepesi. Mengi ya yaliyofundishwa mtoto alikuwa ameshayasikia nyumbani, redioni na kwa majirani. Somo lilikuwa linarudia.

Sasa jambo la ajabu, ambalo hunukuliwa mara chache kuliko kichwa cha habari. Kwa wanafunzi weusi, hasa wa familia ambazo wazazi walikuwa na elimu ndogo, somo lilifanya kazi. Kwao halikuwa marudio. Na miaka 30 baadaye Richard Niemi na Jane Junn, wakitumia takwimu nyingine, walionyesha kwamba kusoma Uraia huongeza maarifa kwa wanafunzi kwa ujumla kuliko ilivyodhaniwa. Kwa hiyo asije mtu akachoma vitabu. Nyumba ambayo haina gazeti wala mtu aliyewahi kuingia kwenye kikao cha halmashauri ndiyo hasa inayohitaji somo lifundishwe vizuri, na nyumba hizo tunazo nyingi huku kusini. Dhana inayopaswa kuanguka ni ileile ya mwanzo, kwamba maarifa yakishaingia, miguu itasimama yenyewe.

Basi kinachosimamisha miguu ni nini?

Nenda kwenye baraza lolote la Mikindani au Kilwa Kivinje wanapocheza bao la Kiswahili. Pembeni kuna mtoto anayetazama kila jioni. Anajua bao lina mashimo 32 na kete 64. Anajua nyumba, lile shimo linalorundikwa kete nyingi, iko wapi, kichwa ni kipi na kimbi ni kipi, na anaweza kukueleza kunamua, yaani kuingiza kete za akiba, kunaishia wapi na mtaji, yaani kucheza na zilizomo tu, unaanzia wapi. Mwulize maswali ya kuchagua jibu sahihi, atapata yote. Mkalishe acheze, atakwisha kabla chai haijapoa.

Hajui nini? Hajui lini nyumba ichezwe na lini iachwe ijae. Hilo halimo kwenye kanuni. Linatokana na kuwa umewahi kuiacha zamu moja zaidi, ikaliwa yote mbele ya macho yako. Ili alijue, anahitaji mambo matatu. Kwanza, kete zinazopotea ziwe zake; mtazamaji hapotezi kitu, ndiyo maana ushauri wake huwa wa kishujaa sana. Pili, awepo mpinzani wa kweli anayejibu pigo, kwa sababu mbele ya mtu asiyejibu kila mpango ni mzuri. Tatu, kushindwa kuwe ni kwa kiwango kinachovumilika: watamcheka, lakini kesho atakaribishwa tena kukaa.

Lipeleke hilo darasani. Swali liwe ambalo jibu lake haliko nyuma ya kitabu. Mwanafunzi aseme maoni yake, na mwenzake ampinge kwa sababu. Na anayempinga mwalimu kwa heshima asijikute anapiga deki siku hiyo. Watafiti huita hali hiyo uwazi wa mazungumzo darasani, na ndiyo iliyojitokeza kwenye utafiti mkubwa uliokusanya takwimu mwaka 1999 kwa vijana wa miaka 14 wapatao 90,000 katika nchi 28, ukiongozwa na Judith Torney-Purta. Waliosema kwamba darasani kwao watu hujadiliana kwa uhuru walielekea kujua zaidi, na pia walielekea kusema kwamba watapiga kura wakikua.

Hapo inabidi kwenda polepole. Kusema utapiga kura na kupiga kura ni mambo mawili, na mtoto wa miaka 14 ni mwepesi wa ahadi. Zaidi ya hapo, huenda shule zenye mazungumzo huru ndizo zenye walimu wazuri na madarasa madogo, basi sifa tunampa asiyestahili. Utafiti wa Steven Finkel na Howard Ernst kwa wanafunzi wa sekondari Afrika Kusini, wa 2005, unasaidia kidogo kupembua: kuhudhuria vipindi kuliongeza maarifa, lakini mitazamo na stadi za kushiriki vilitegemea zaidi namna ya kufundisha na jinsi wanafunzi walivyomwona mwalimu wao. Ni nchi moja, katika kipindi chake cha pekee baada ya ubaguzi wa rangi. Lakini umeelekea upande uleule.

Sasa turudi kwa yule mzee anayesimama kwanza. Hakusoma Uraia, lakini amepita shule nyingine: mnada wa korosho. Tangu stakabadhi ghalani ilipoanza kwenye korosho mwaka 2007, mkulima hukusanya mazao kupitia chama chake cha msingi, AMCOS, na kampuni zinazotaka kununua huleta bei kwa zabuni. Kwa miaka mingi zilikuwa bahasha ndani ya sanduku, likifunguliwa mbele ya wakulima. Siku hizi bei zinapita kwenye mfumo wa kielektroniki wa Soko la Bidhaa Tanzania. Bei zinasomwa, na wenye korosho wanasema tumekubali au tumekataa. Oktoba 2018 wakulima wa Mtwara walikataa. Novemba serikali ikatangaza itanunua yenyewe kwa shilingi 3,300 kwa kilo, na magari ya jeshi yakaja kubeba mzigo. Kilichofuata baada ya hapo kina mabishano yake hadi leo, na usimwulize mzee kama huna muda.

Angalia mnada unavyofundisha. Gunia ni lake. Mnunuzi ni mpinzani wa kweli. Na jibu la uamuzi hukawia wiki chache, si miaka mitano kama kura ya mbunge. Mtu aliyewahi kusema "tumekataa" pamoja na wenzake mia kadhaa, kisha akaona kilichotokea, haoni ajabu kumuuliza mtendaji risiti ya mabati ya zahanati.

Misitu ya vijiji Kilwa ni darasa jingine la aina hiyo. Kikole, mojawapo ya vijiji vinavyomiliki msitu wa hifadhi chini ya Sheria ya Misitu ya 2002, huuza miti yake, na matumizi ya fedha hupitia kwenye mkutano wa kijiji. Pakiwa na fedha halisi za kugawa, mkutano haukosi watu. Hilo halihitaji utafiti wa nchi 28.

Shuleni tuna kitu kinachokaribia: uchaguzi wa viranja. Wanafunzi wanaomba nafasi, wanajieleza kwenye paredi, kura zinapigwa. Tatizo liko katikati, kwenye mchujo wa walimu. Jina lililopendwa na wengi linaweza kupotea pale bila maelezo, na dada mkuu akachaguliwa kati ya mabinti wawili wasio na neno. Hapo wanafunzi hujifunza demokrasia kikamilifu kabisa, ila si ile iliyokusudiwa. Mimi nisingeufuta mchujo, kwa kuwa kuna sababu za nidhamu. Ningetaka vigezo vibandikwe ukutani kabla ya fomu kutolewa, na aliyekatwa aambiwe ni kigezo gani, apewe nafasi ya kukata rufaa. Sharti hilo halina gharama zaidi ya karatasi.

Walimu nao wasibebeshwe lawama zote. Mwalimu ni mtumishi wa serikali, ana darasa lililojaa, ana mtihani wa Baraza la Mitihani unaomsubiri, na akiweka mezani jambo linalowaka mtaani anaweza kuulizwa ametumwa na nani. Anachagua mada baridi. Ndiyo maana demokrasia ya Ugiriki ya kale inafahamika vizuri sana Masasi.

Lakini si lazima kuchagua kati ya Athene na bomba la gesi. Kilo moja ya korosho inatosha vipindi vya wiki kadhaa. Makato ya chama cha msingi ni mambo ya mkutano mkuu wa wanachama, kwa hiyo mwanafunzi aanze kwa kumuuliza mzazi wake alihudhuria lini na alisema nini. Ushuru wa mazao uko halmashauri, anakokaa diwani. Ushuru wa korosho ghafi zinazouzwa nje uko bungeni: awali asilimia 65 yake ilirudi kuliendeleza zao, na Juni 2018 Bunge likabadili sheria ili zote ziingie Mfuko Mkuu wa Hazina, huku wabunge wa kusini wakipinga waziwazi. Hapo darasa ligawanywe, nusu watetee Hazina yenye nchi nzima ya kulisha, nusu watetee mkulima anayehitaji salfa ya kupulizia mikorosho msimu ujao, na katikati ya kipindi wabadilishane upande. Dakika 40 hazitatosha. Mwalimu asilazimishe muafaka kabla ya kengele. Hata bungeni haukupatikana.