Je, Kat Alitiwa Adabu? Dhana Potofu na Ukweli Kuhusu Filamu ya Mwaka 1999

Ikitajwa filamu ya "10 Things I Hate About You" mjini Lamu, hakosekani wa kusema kwamba hicho ni kisa cha msichana jeuri aliyetiwa adabu na mvulana. Dhana hiyo ina asili yake. Filamu hiyo, iliyoongozwa na Gil Junger na kuandikwa na wanawake wawili, Karen McCullah Lutz na Kirsten Smith, imejengwa juu ya tamthilia ya Shakespeare ya mwanzoni mwa miaka ya 1590, "The Taming of the Shrew", ambamo Katherina hunyimwa chakula na usingizi na mumewe, hata mwishowe akasimama karamuni kuwahimiza wanawake wenzake wawatii waume zao.

Ukweli ni kwamba waandishi waliigeuza sehemu hiyo hasa. Kat, yule msichana wa filamu, hahubiri utiifu. Husoma shairi darasani, akihesabu anayoyachukia kwa mvulana Patrick, mpaka machozi yakamtoka akikiri kuwa hamchukii hata kidogo. Naye Patrick, aliyekuwa amelipwa fedha ili atoke naye, anapomnunulia gita, huambiwa waziwazi kwamba gita halitafuta kila kosa. Wasomaji waliolelewa na Utendi wa Mwana Kupona, wosia wa mama kwa bintiye wa mwaka 1858, ambao sehemu yake kubwa ni juu ya kumridhisha mume, wanaweza kuitambua tofauti hiyo upesi kuliko watazamaji wengi wa Marekani.

Wapo pia wanaodai kuwa hayo ni mambo ya Wamarekani tu. Lakini kisa kizima huanzia kwa baba, daktari wa uzazi, anayeamuru kwamba binti yake mdogo, Bianca, hatatoka na mvulana mpaka dada yake mkubwa, Kat, atoke. Katika tamthilia, sharti lilihusu ndoa. Mahali ambapo mdogo kuposwa kabla ya mkubwa huweza kuzua maneno barazani, baba huyo si mgeni, hata kama majengo ya Stadium High School ya Tacoma, Marekani, shule inayoonekana katika filamu, ni mageni.

Dhana ya kwamba filamu inapendwa kwa sababu Heath Ledger, aliyeigiza Patrick, alifariki mwaka 2008, akiwa na umri wa miaka 28, haitoshi. Kifo kimeongeza majonzi, ila kinachochekesha ni Patrick kuimba uwanjani mbele ya wanafunzi, bendi ya shule ikimsindikiza na walinzi wakimkimbiza, ili kufidia aibu aliyomtia Kat. Katika tamthilia, anayejishusha hadharani ni mwanamke. Hapa, wa kwanza kujishusha ni mwanamume.