Zile dola bilioni 2 za Eurobond ya Kenya (hatifungani, yaani hati za mkopo wa serikali zinazouzwa kwa wawekezaji wa nje) hazikutoka mfukoni mwa JP Morgan
Watu bado wanasema eti 2014 Kenya ilienda kukopa kwa JP Morgan na Barclays, hapana jamani. Hizo benki zilikuwa madalali tu, zikasaidia makaratasi, zikatafuta wawekezaji Ulaya na Marekani zikiuliza nani anataka na kwa riba gani, oda zikaja za zaidi ya dola bilioni 8 na serikali ikachukua 2, alafu wao wakakata kamisheni yao (na si hela ndogo). Waliokuwa wanaidai Kenya ni mifuko ya uwekezaji iliyonunua zile hatifungani, ndo maana ile ya miaka 10 yenye riba ya 6.875% ilipofika mwisho 2024 waliolipwa ni wenye nazo, sio dalali.