Ivan Coyote: yanayosemwa na yaliyopo

Ivan Coyote ni mwandishi na msimulizi wa hadithi asiyejihesabu mwanamume wala mwanamke. Watu humsemea mengi; haya manne nimeyasikia, na majibu yangu ni haya.

"Ni mambo ya vijana wa mjini, wa enzi hizi za simu." Coyote alizaliwa mwaka 1969 Whitehorse, mji mdogo wa Yukon, kaskazini kabisa mwa Kanada. Amesomea ufundi umeme. Jukwaani yuko tangu miaka ya 1990. Hizo simu zilimkuta kazini.

"Mtu wa namna hiyo utamwandikaje? Lugha itakataa." Hili hunichekesha likitoka kinywani mwa Mswahili. Wenye taabu ni wa Kiingereza: he au she, chagua moja. Coyote hutumia they, neno la wingi ambalo Waingereza wamekuwa wakilitumia kwa mtu mmoja tangu karne ya 14, na bado wapo wanaolia kwamba sarufi imevunjwa. Sasa tazama: "Alipanda jukwaani, akasogeza maikrofoni, akacheka kabla ya kusema neno." Mwanamume au mwanamke? Sentensi haijasema, na wala haidaiwi. Mtego wetu uko kwingine, kwenye kaka na dada, bwana na bibi, mjomba na shangazi. Mfasiri wa Coyote atateleza tu kwenye vitenzi, kisha akeshe kwenye ukoo.

"Anayeandika si msimulizi." Lawama ni za daftari zetu za shule: fasihi simulizi ukurasa huu, fanani na hadhira, paukwa pakawa, fasihi andishi ukurasa ule. Kwa Coyote ukuta huo haupo. Kitabu Boys Like Her, cha mwaka 1998, kilitokana na kundi la jukwaani la watu wanne, Taste This. Gender Failure, alichoandika na mwanamuziki Rae Spoon, kilikuwa onyesho lenye nyimbo kabla hakijawa kitabu mwaka 2014. Halafu Uviko ukafunga kumbi mwaka 2020. Fanani bila hadhira afanye nini? Alirudi kwenye barua alizoandikiwa na wasomaji na wasikilizaji, akaanza kuzijibu, moja baada ya nyingine. Barua na majibu yake vikawa kitabu, Care Of, mwaka 2021. Safari hii hadhira ndiyo iliyotangulia kusema.

"Hadithi zake ni jinsia tu, tena kilio kitupu." Hapana. Zimejaa ndugu, mji wa nyumbani, kazi za mikono, na mzaha mwingi. Hata alipozungumzia vyoo vya umma, jijini Vancouver, Kanada, mwaka 2015, alianzia kwenye jambo la kila mtu: sote hubanwa na haja. Alichotaka ni choo cha chumba kimoja, chenye mlango wa kufunga, aingie yeyote. Mama aliyewahi kusimama stendi na mtoto wa kiume wa miaka saba, asijue aingie naye upande upi, hahitaji kuelezwa zaidi.